Mkandarasi Aliyekwenda Kusalimia

Mtaani kwetu, mtu akitaka kujua kama ukuta wake umesimama sawa hahangaiki kutafuta kifaa. Anamsubiri shemeji yangu apite, anamwomba atupie jicho. Yeye husimama mbali kidogo, mikono nyuma, kichwa kimeinama kama anayesikiliza, kisha husema, "Upande wa dirisha umelala kidole kimoja." Wakipima, kweli, kidole kimoja. Mafundi wenzake walimwita Pimamaji, kwa jina la kifaa hicho, tangu ujana wake, na jina hilo limemganda hata wanawe wamelizoea kuliko lililo kwenye kitambulisho.

Naamini walimwita hivyo kwa sababu nyingine pia. Pimamaji hapandi wala hashuki. Tangu amwoe dada yangu ni miaka ishirini na mitatu, na sijasikia sauti yake ikivuka kizingiti cha chumba alichomo. Akikasirika hunyamaza, akifurahi hunyamaza zaidi. Dada, ambaye ameumbwa kwa maneno, huwaambia wageni, "Msijali, anawasikia. Yuko humo ndani."

Alianza kazi akiwa na miaka kumi na saba, akibeba mchanga kwa ndoo. Akawa mchanganya zege, kisha mjenzi, kisha mpiga lipu ambaye kazi yake ulikuwa unaitambua kwa kuigusa. Alipofika arobaini akasajili kampuni. Dada hupenda kuwaeleza watu juu ya kampuni hiyo: "Ina mwenyekiti, ina mkurugenzi, ina mbeba saruji, na wote hao wanakula kwangu."

Kusema "kwangu" si utani mtupu. Nyumba wanamoishi ni ya dada. Kiwanja alikinunua kwa fedha za cherehani, matofali akayapanga mumewe bila kudai ujira, na hati ina jina la dada peke yake. Chumba cha mbele ndicho cha kushonea. Kina dirisha pana linalotazama barabara, na dada hushona huku akijua nani kapita, na nani, na kwa nini.

Kuna jambo moja la malezi ya Pimamaji ambalo lazima nilieleze, maana ndilo lililomponza. Alilelewa na bibi yake mzaa mama, aliyeuza nafaka sokoni na kukopesha nusu ya wateja wake. Bibi huyo alikuwa na sheria yake: mtu hadaiwi mbele za watu. Ukimkuta mdeni wako njiani, msalimie, muulize watoto, mwache aende zake. Mfuate baadaye kwake, na ukifika, salimia tena kwanza. "Ukimdai mtu hadharani," alikuwa akisema, "umemvua nguo, na mtu aliye uchi hana mfuko wa kukutolea chochote."

Mafunzo hayo yalimfaa Pimamaji miaka mingi. Wateja wake walikuwa majirani, na majirani humlipa mtu anayewatunzia heshima. Kisha akapata kazi ya serikali.

Idara ya majengo ilimpa kujenga wodi ya wazazi katika kituo cha afya. Malipo yaligawanywa katika hati nne. Kazi ikifika hatua fulani, mhandisi wa idara anakagua, anasaini hati, na idara inatakiwa kulipa ndani ya siku ishirini na nane. Hati tatu za kwanza zilichelewa lakini zililipwa. Ya nne ndiyo iliyokuwa kubwa kuliko zote, kwa sababu ndani yake mlikuwa na paa, vigae, milango na mabomba yote. Ili afike huko, Pimamaji alihitaji mkopo, na benki ikataka dhamana. Dada akaitoa hati ya nyumba mwenyewe.

"Miezi miwili tu," Pimamaji alimwambia.

"Nimekuuliza miezi mingapi? Chukua kabla sijabadili mawazo."

Wahenga walisema kukopa harusi. Bati zikaja, vigae vikaja, wodi ikaisha, wafanyakazi wote wakalipwa siku moja hadi wa mwisho. Mhandisi akakagua, akapitisha kiganja ukutani, akatikisa kichwa kwa kuridhika, akasaini hati ya nne. Wiki iliyofuata mtoto wa kwanza alizaliwa chini ya paa lile. Dada alikwenda kumtazama kana kwamba ni mjukuu wake.

Siku ishirini na nane zikapita. Zikapita nyingine. Ikawa desturi ya Pimamaji kwenda idarani kila Jumanne, kwa sababu Jumanne ndiyo siku ambayo mhasibu aliwapokea wageni. Dada alimpigia pasi shati la mikono mirefu tangu Jumatatu. Getini alisaini kitabu cha wageni, akakaa kwenye benchi la korido, na akiitwa ndani mazungumzo yalikuwa yale yale. Najua, kwa sababu nilimsindikiza mara mbili.

"Karibu, fundi, keti, keti," mhasibu alisema, akiinuka kabisa kwenye kiti. Alikuwa mtu mnene mwenye macho ya huruma na kikohozi kisichoisha. "Watoto?"

"Wazima. Wako?"

"Tunashukuru. Huyu mdogo ameota jino. Fedha bado hazijaingia, ndugu yangu."

"Haina neno. Nilisema nipite nikusalimie. Na ile hati namba nne..."

"Naijua, fundi. Iko hapa mbele yangu. Wakubwa wameshaandikiwa."

"Basi Jumanne."

"Jumanne, Mungu akipenda."

Akirudi nyumbani, dada alikuwa akimngoja na sindano mdomoni.

"Umedai?"

"Nimedai."

"Umedai vipi?"

"Nimemkumbusha."

"Umemkumbusha au umembembeleza? Maana nakujua wewe. Mtu akikukanyaga unamwomba radhi kwa kuweka mguu chini ya kiatu chake."

Pimamaji alikunywa maji, akaenda kutengeneza bawaba ya mlango wa jirani.

Sikumlaumu wakati ule. Nimefundisha darasani miaka kumi na minane, nami nilikuwa na imani hiyo hiyo, kwamba mtu mwema akikaa kwenye benchi muda wa kutosha ataitwa. Ni imani nzuri. Watu wengi tuliowapenda wameondoka nayo duniani wakiwa bado kwenye benchi.

Jumanne zikawa mwaka, zikakaribia miwili. Ndipo ikaja barua ya benki. Mkopo na riba yake vilikuwa vimefungana kama nyuzi, na riba ilikuwa imekaribia kuwa kubwa kuliko mkopo. Wasipolipa vyote ndani ya siku tisini, nyumba itapigwa mnada.

Pimamaji alikwenda idarani siku isiyo Jumanne. Safari hii alimkuta mkuu wa idara mwenyewe kwenye ngazi, naye hakuwa mkali. "Deni lako tunalijua, fundi, hakuna anayelikana. Mwaka mpya wa fedha ukianza tutakulipa hati yako yote, hadi senti ya mwisho."

"Na riba ya kuchelewa, mzee?"

"Riba?" mkuu alisema, kama mtu aliyeulizwa juu ya ndugu asiyemkumbuka. "Hukuwahi kuidai."

Mambo yakawa wazi namna hiyo. Serikali ilikuwa tayari kulipa deni tupu. Benki ilitaka deni na riba. Tofauti kati ya hayo mawili ilikuwa nyumba ya dada yangu.

Tulikwenda kwa wakili sisi watatu. Ofisi yake iko juu ya duka la madaftari, unapanda ngazi nyembamba ambayo Pimamaji aliikagua kwa macho njia nzima. Wakili alikuwa mzee mkavu, miwani yake imefungwa uzi. Aliupokea mkataba, uliokuwa umefungwa kwenye karatasi ya nailoni bila kunyanzi hata moja, akausoma hadi mwisho. Kisha akauliza, "Barua ziko wapi?"

"Barua zipi?"

"Za kudai."

"Nilikwenda mwenyewe," Pimamaji alisema. "Kila Jumanne."

"Nakuuliza barua, unanionyesha miguu. Fundi, sheria haisomi miguu. Mali bila daftari hupotea bila habari, hukusikia methali hiyo?"

"Aliisikia," dada alisema. "Alidhani ni ya wenye maduka."

Wakili alivua miwani. Alitueleza taratibu, kidole kimoja kimoja. Kwanza, hati inapochelewa, mkandarasi anaweza kutoa notisi na kusimamisha kazi hadi alipwe.

"Kazi ilikuwa imeisha," Pimamaji alisema.

"Hati ya pili ilichelewa miezi mitatu. Ya tatu, zaidi. Hapo kazi ilikuwa haijaisha."

"Kulikuwa na wanawake wanajifungulia kwenye korido, mzee."

"Haya," wakili alisema kwa sauti ya chini zaidi. "Tuendelee. Mkataba wako unakupa riba kwa kila siku ya kuchelewa, ila kwa sharti kwamba umedai kwa maandishi. Mkipishana, mnakwenda kwa mwamuzi ambaye mkataba wenyewe umemtaja. Mahakamani unaweza kwenda baada yake, lakini kuishtaki serikali kuna notisi ya miezi na taratibu zake, na benki haitakungoja. Kwa hiyo mlango wetu ni mwamuzi."

"Na tukishinda wakakaa kimya?" dada aliuliza. "Tutawauzia magari yao?"

"Mama, mali ya serikali haipigwi mnada. Wewe ndiye unayepigwa mnada, wao hapana." Aliona uso wa dada, akajikohoza. "Lakini iko njia. Uamuzi unasajiliwa mahakamani, na mahakama inamwamuru mkuu wa idara, kwa cheo chake, alipe. Asipolipa, atakayeitwa kujieleza ni yeye mwenyewe. Idara haina haya. Mtu anayo."

Barua ya kwanza niliipiga chapa mimi, Pimamaji akinisomea aliyoyaandika kwa penseli. Mistari saba ya mwanzo ilikuwa salamu. Aliwatakia heri mkuu wa idara, naibu wake na familia zao, akagusia mvua, akamuulizia mtoto wa mhasibu na jino lake. Wakili aliichukua, akavuta mstari mwekundu juu ya yote saba, akabakisha "Nadai".

"Inaonekana kama matusi," Pimamaji alisema.

"Inaonekana kama barua," wakili akajibu. "Na usiiache mezani ukaondoka. Beba nakala. Masjala wagonge mhuri kwenye nakala yako, na tarehe, ndipo utoke."

Hilo la mhuri lilimshinda. Alisimama mbele ya karani wa masjala, nakala mkononi, akashindwa kumwomba, kwa kuwa aliona ni kama kumwambia binti wa watu kwamba hamwamini. Dada akamsogeza kwa kiwiko.

"Binti yangu," alimwambia karani, "huyu baba ana ugonjwa wa kusahau. Mgongee hapo ili akifika nyumbani akumbuke kwamba alikuja."

Karani akacheka, akagonga. Pimamaji alinong'ona hadi getini, "Mimi ninasahau nini?"

"Kwamba una mke," dada alisema.

Tatizo ni kwamba barua ile ilihesabu siku zake tangu ilipogongwa mhuri. Miaka miwili iliyopita haikuweza kuigusa. Wakili hakutuficha. Aliandika madai yote, akaambatanisha mkataba, hati ya nne na barua ya benki, akayapeleka kwa mwamuzi, lakini alisema, "Kwa deni tumesimama juu ya zege. Kwa riba ya nyuma tumesimama juu ya mchanga. Tuombe wasipige teke."

Walipiga.

Kikao kilifanyika katika ukumbi mdogo wa mikutano, meza ndefu, chupa za maji, feni iliyokuwa ikizunguka kwa kujilazimisha. Mwamuzi alikuwa mama mtu mzima, mhandisi mstaafu mwenye nywele fupi za mvi, na alipoingia tu aliusogeza mguu wa meza uliokuwa unacheza, akauwekea karatasi iliyokunjwa. Nilimwona Pimamaji akimpenda papo hapo. Upande wa pili walikaa wakili wa serikali, kijana mpole aliyevaa vizuri, na mhasibu wetu, aliyeitwa kuja kueleza habari za malipo.

Wakili wa serikali alikubali deni tangu mwanzo. Halafu akasema riba haipo, kwa kuwa mkandarasi hakudai kamwe. "Wenzetu wanasema alikuwa akifika kila wiki kudai. Tumeleta kitabu cha wageni." Akafungua nakala mbele yake. "Kila mgeni anaandika jina, saa, anayemwona na sababu ya kuja. Mheshimiwa, mlalamikaji amefika mara themanini na moja. Naomba nisome sababu zake. Mara ya kwanza: kusalimia. Ya pili: kusalimia. Ya tatu: kusalimia." Alifunua kurasa. "Ya arobaini: kusalimia. Ya themanini na moja: kusalimia."

Mtu mmoja alicheka, kisha ukumbi mzima. Hata mwamuzi aliinamisha uso. Wakili wetu alimgeukia Pimamaji, akasema kwa pumzi tu, "Umenizika, fundi."

Nilimtazama dada. Hakucheka. Mikono yake ilikuwa ikilainisha kitambaa cha gauni lake magotini, ikienda na kurudi, kama anavyofanya kabla ya kukata kitambaa ghali.

"Ni maandishi yako?" mwamuzi alimuuliza Pimamaji.

"Ni yangu, mheshimiwa."

"Ulikuwa unakwenda kusalimia?"

"Nilikuwa nakwenda kudai."

"Sasa mbona hukuandika hivyo?"

Pimamaji alisimama, ingawa hakuna aliyemwambia asimame. "Kitabu kile kiko getini," alisema. "Kila anayekuja nyuma yangu anasoma mstari wangu kabla hajaandika wake. Ningeandika kudai, na kumwona nani, mhasibu, basi siku nzima watu wangepita wakisoma kwamba mtu yule anadaiwa. Na fedha si zake. Yeye ni mtu wa kutumwa tu. Niliona si vizuri kumvua nguo getini kwake mwenyewe."

Mhasibu alikuwa amekohoa mara mbili, sasa akaacha. Akainua mkono kama mwanafunzi.

"Mheshimiwa, jalada lililoletwa hapa halijakamilika."

Wakili wa serikali alimgeukia haraka. "Unasema nini?"

"Limeletwa upande wa kulia, penye barua. Upande wa kushoto tunaandika maelezo ya kila siku, haukutolewa nakala. Sidhani ni kwa nia mbaya, watu wengi hawausomi. Lakini niliandika humo. Fundi akitoka, nilikuwa naandika: mkandarasi amefika leo, anadai malipo ya hati namba nne, fedha hazijaingia. Tarehe na saini yangu. Kisha linapanda kwa mkuu, naye anasaini kwamba ameona."

"Kila mara?" mwamuzi aliuliza.

Mhasibu alijikuna shingo. "Si kila mara. Miezi minane ya kwanza sikuandika kitu. Nilikuwa nadhani fedha zitaingia wiki ijayo. Baadaye nikaanza kuona aibu kumwona anainuka na kuniaga, nikasema angalau niiandike."

Wakili wa serikali alipinga, na alipinga vizuri. Alisema mkataba unamtaka mkandarasi aandike, si idara imwandikie. Mwamuzi aliagiza jalada lote liletwe, akatuambia atatoa uamuzi baada ya wiki tatu. Kwenye korido mhasibu na Pimamaji walikutana, wakapeana mikono, wakaulizana watoto. Wakili wetu alisimama akiwatazama, mkoba kwapani. "Sijui nimcheke au nimuajiri," alisema.

Uamuzi ulikuja kwa kurasa kumi na moja. Ninaukumbuka ukurasa wa tisa. Mwamuzi aliandika kwamba sharti la maandishi liliwekwa ili idara isishtukizwe na dai ambalo halikulijua. Idara hii ililijua, kwa mkono wake yenyewe, na mkuu wake aliweka saini kulithibitisha. Kwa hiyo riba itahesabiwa kuanzia siku ya kwanza iliyoandikwa katika jalada. Kwa miezi minane ya kabla ya hapo hakuna kitu, kwa kuwa hakuna mahali popote, kwa upande wowote, palipoandikwa neno.

Miezi minane ya adabu, basi, ilikwenda bure. Dada alisoma mara mbili, akakunja karatasi. "Bibi yako alikuwa mwanamke mwema," alimwambia mumewe. "Lakini hakuwahi kufanya biashara na serikali."

Benki, ilipouona uamuzi, ikakubali kusimamisha mnada kwa muda. Idara ilipewa siku ishirini na nane za kulipa. Siku ya thelathini hakuna kilichokuja, na asubuhi yake nikamkuta Pimamaji amevaa lile shati la mikono mirefu.

"Unakwenda wapi, shemeji?"

"Nasema nipite tu pale, nikawa..."

"Usithubutu," dada alisema kutoka chumba cha mbele, bila kusimamisha cherehani.

Wakili alisajili uamuzi mahakamani na kuomba ile amri aliyotueleza. Ilichukua wiki tano. Siku amri ilipofikishwa mezani kwa mkuu wa idara, imeandikwa cheo chake kwa herufi kubwa, alimpigia simu Pimamaji mwenyewe, akamwita ndugu yangu mara nne. Fedha zikaingia siku ya sita.

Hazikutosha kabisa. Pengo la ile miezi minane lilibaki, na Pimamaji akaliziba kwa kuuza mashine yake ya kuchanganya zege, aliyoinunua mwaka ule alioisajili kampuni. Aliisafisha kwanza, ngoma na magurudumu, akaipaka grisi, akamweleza mnunuzi tabia zake zote kama mtu anayeoza binti. Siku ile hakula vizuri. Lakini kesho yake alikuwa akichanganya kwa koleo uwanjani kwa jirani, na alipoona namtazama akasema, "Hivi nasikia zege linavyolegea. Mashine ilikuwa inanipigia kelele." Sijui kama alijifariji au alisema kweli. Nimegundua kwamba kwa watu wenye furaha ya kudumu mambo hayo mawili hayako mbali.

Benki ilirudisha hati Ijumaa moja mchana. Pimamaji aliileta nyumbani ndani ya bahasha kubwa, akaishika kwa mikono miwili njia nzima, akamkabidhi dada mlangoni. Dada aliifungua, akasoma jina lake. Akapitisha kidole juu ya kila herufi, akasoma namba ya kiwanja, akasoma hata maandishi madogo ya chini ambayo hakuna mtu anayeyasoma. Nilitegemea neno. Dada yangu ana neno kwa kila jambo. Safari hii alikwenda kukaa kwenye kiti chake karibu na dirisha, hati mapajani, akatazama barabara.

Tuliingia jikoni kupika chai. Tulipotoka na vikombe, alikuwa amelala. Kichwa kimeegemea fremu ya dirisha, mdomo wazi kidogo, mikono imelegea juu ya karatasi. Watu walikuwa wakipita nje, wengine wakimwita kwa mazoea, na yeye hakusikia. Pimamaji aliniambia, kwa sauti ambayo ilinibidi nimsogelee ili niisikie, kwamba hajamwona amelala mchana tangu barua ya benki ije, na usiku alikuwa akimsikia akihesabu vyumba.

Akatokea mteja, mama mwenye haraka zake, gauni limefungwa kwenye mfuko, akaanza kupaza sauti tangu barabarani kwamba harusi ni kesho na mikono imemkaba. Pimamaji alitoka upesi, akamkuta kabla hajafika mlangoni, akamsalimia, akaupokea mfuko. Akamwambia fundi yupo, lakini arudi saa kumi. Kisha akavuta kiti kidogo, akakiweka nje ya mlango, akakaa, ili mwingine akija amkute yeye kwanza.